Samaki wa Magadi na Meza ya Saint Paul

Jumamosi, 22 Oktoba

Siku mbaya. Mabango ya Milo Stensrud yameongezeka tena. Jana yalikuwa upande mmoja wa barabara, leo yako pande zote mbili. Nikifungua pazia la chumbani naona jina la Glenn Haugerud. Nikienda kupiga mswaki, dirisha la bafuni nalo linanionyesha Haugerud.

Milo ni jirani yangu wa ng'ambo. Anauza chakula cha ng'ombe, na ndiye mwenyekiti wa kampeni ya Haugerud katika kaunti yetu ya Vesterdal. Mimi ni mwenyekiti wa kampeni ya Corinne Vandeveer. Mmoja wa hao wawili atakuwa Mwanasheria Mkuu wa jimbo. Corinne ameniahidi kwamba akishinda, na Vesterdal isipomwaibisha, atanipa meza ofisini kwake Saint Paul, makao makuu ya jimbo, ya kusikiliza malalamiko ya wakulima waliotapeliwa. Mimi, Orrin Tollefsrud! Na meza yenye droo!

Lazima ashinde. Nimesharudisha ufunguo wa ofisi yangu ya uwakili juu ya duka la misumari. Wateja niliobaki nao walikuwa wa kuandikiwa wosia tu, na wanapungua kwa sababu inayoeleweka. Ardis, mke wangu, anashona mapazia ya nyumba ya Saint Paul ambayo hatujaipata. Binti yetu Janelle anaishi huko. Ana mtoto wa kike ambaye tumembeba mara moja tu, siku ya ubatizo, naye alilia. Ardis hasemi mengi, lakini cherehani haipumziki.

Nimepata wazo. Nitasimika mabango ya Corinne kwenye nyua za watu bila kuwaomba. Nani atayang'oa? Mtu wa Vesterdal hawezi kumwambia mwenzake hapana, hata akikanyagwa. Nimezungukia mtaa mzima mchana kweupe nikiwa na nyundo. Mjane Hjordis Brekke alinitazama kupitia dirishani, akanipungia mkono. Nikampungia. Safi kabisa.

Jumatatu, 24 Oktoba

Nimekwisha. Mji mzima umefagia majani.

Hakuna aliyeng'oa bango hata moja. Hakuna aliyenilalamikia. Kila mwenye nyumba alitoka jana baada ya ibada, akachukua reki, akakusanya majani yote ya uani, akayalundika juu ya Corinne Vandeveer. Vilima vya majani kila ua! Cha mjane Hjordis ndicho kirefu kuliko vyote, na yule mama ana nyonga ya chuma.

Milo alikuwa kwenye ngazi za nyumba yake akinywa kahawa. Akasema mwaka huu miti imemwaga majani kwelikweli. Nikasema ndiyo, imemwaga. Akasema sijui ni upepo. Nikasema labda ni upepo. Nilitamani kumtupia reki.

Lakini sijashindwa. Alhamisi kuna chakula cha jioni cha samaki wa magadi, ukumbi wa chini ya kanisa. Kaunti nzima itakuwepo. Corinne ni mtu wa Minneapolis, mtoto wa daktari wa meno. Watu wanamwona ni wa mjini, wa kula majani. Sasa wafikirie wakimwona amekaa katikati yao, anakula samaki aliyelowekwa kwenye magadi mpaka akawa anatetemeka, tena anaongeza! Nimempigia simu. Akauliza huyo samaki ana ladha gani. Nikamwambia hana ladha, anateleza. Nikamshauri ajizoeze kwa jeli ya limau yenye chumvi na siagi ya moto. Akasema atafanya hivyo. Huyu mwanamke ana moyo.

Alhamisi, 27 Oktoba

Nitaandika tu ilivyokuwa.

Corinne alifika kwa wakati, amevaa sweta nililomwelekeza. Nilimkalisha meza ya kina mama wazee, kati ya mjane Hjordis na Bi LaVonne Skogmo, mkuu wa jiko la kanisa. Mpiga picha wa gazeti letu nilimweka mkabala naye. Kabla hajakaa nilimnong'oneza maneno ambayo nitayajutia mpaka kaburini. Nilimwambia: kula mpaka sinia liwe jeupe, watakupenda.

Alikula! Jeli ilikuwa imemfundisha. Samaki aliteremka bila kizuizi. Aliongeza, akaongeza tena. Aliviringisha siagi ndani ya chapati za viazi kama aliyezaliwa hapa. Bi LaVonne alianza kutabasamu. Nilimwona Milo kwenye meza ya mbali ameacha kutafuna. Nikajiona tayari Saint Paul, nafungua droo, nafunga droo.

Kisha sinia likabaki na kipande kimoja.

Hapa kwetu kipande cha mwisho hakiliwi. Kinazungushwa. Kila mtu anasema kula wewe, mwingine anasema hapana kula wewe, mpaka kinapoa, kinarudi jikoni, na jikoni nako hakuna anayekila. Mimi nililelewa hivyo. Baba yangu alilelewa hivyo. Sikuona haja ya kumweleza, kwa sababu ni nani asiyejua?

Sinia lilipomfikia, Bi LaVonne akamwambia, kama ilivyo desturi, "Chukua tu, mama, usiogope." Corinne akasema asante sana. Akakichukua.

Watu wote waliacha kula. Nilisikia friji ya jikoni ikinguruma. Corinne akakila chote, akafuta sinia kwa chapati, likawa jeupe kama nilivyoagiza, akanitafuta kwa macho ili nimpongeze. Na hapo ndipo taa ya kamera ilipomulika.

Nilitamani sakafu ipasuke. Mjane Hjordis alikuwa amekunja leso yake, akaikunjua, akaikunja tena. Mwisho akasema, kwa upole wa kutisha, kwamba mgeni ana hamu nzuri ya kula.

Ijumaa, 28 Oktoba

Picha iko ukurasa wa kwanza. Uma uko hewani, sinia ni tupu, na nyuma yake uso wa Hjordis, kama mtu anayeona ghala lake likiungua. Chini wameandika tu: Bi Vandeveer akimaliza samaki.

Nilienda kununua mkate. Muuzaji akasema yule mama wa Minneapolis anaonekana ana afya. Kwenye posta wakasema hakika hajivungi. Kinyozi akasema ni vizuri mtu akijisikia yuko nyumbani. Hakuna aliyesema neno baya. Tumezikwa.

Corinne amepiga simu kuuliza mambo yamepokelewaje. Ana furaha. Anasema hajawahi kukaribishwa vile. Nikamwambia watu wanalizungumza sana tukio lile. Sikusema uongo.

Ardis alikuwa anapindia pazia la chumba cha watoto. Akauliza kama bado tunakwenda. Nikasema bila shaka. Akauliza kwa nini nimekaa ndani ya kabati la makoti. Nikasema natafuta glavu.

Jumapili, 30 Oktoba

Nimepata dawa. Kama Corinne ameharibiwa na kipande cha mwisho, basi na Haugerud aharibiwe nacho. Leo alikuja kusali kwetu, na baada ya ibada angekunywa kahawa na watu. Nikajipenyeza jikoni kabla ya wimbo wa mwisho. Nikaficha keki yote ya malenge chini ya sinki. Juu ya meza, kwenye sinia kubwa, nikaacha kipande kimoja. Kisha nikasimama nyuma ya nguzo nikiwa na kikombe.

Haugerud akaja. Mtu mrefu, mtoto wa mfugaji wa nguruwe, mikono mipana. Akaliona sinia. Nikawasukuma watu wawili watatu pembeni ili wote wamwone vizuri. Nikamwambia kwa sauti, "Chukua tu, Glenn, usiogope."

Akatabasamu. Akachukua kisu, akakata kile kipande katikati, akachukua nusu.

Milo akaja nyuma yake, akaikata nusu iliyobaki, akachukua robo. Akaja mchungaji, akakata. Wakapanga foleni! Kila mmoja alikata, akabakiza, akampisha mwenzake. Hjordis alitumia kisu cha matunda alichotoa mkobani. Ilipofika kwa Bi LaVonne ilikuwa imebaki chembe ya ukubwa wa kucha. Akaifunga kwenye karatasi ya nailoni, akaiweka kwenye friji, akatokwa na machozi kidogo. Alisema hajaona mgombea mwenye adabu ya namna hiyo tangu aanze kupiga kura.

Kisha akaenda kunawa mikono na akaikuta keki chini ya sinki. Hakuniuliza. Alinipa kipande kikubwa, akakaa kunitazama nikila.

Jumamosi, 5 Novemba

Msimu wa kuwinda paa umeanza. Wanaume wote wako msituni na makoti yao ya rangi ya chungwa, na hakuna aliyebaki wa kushawishi. Nimeshinda nimelala kwenye kochi. Ardis amemaliza mapazia, ameyakunja, ameyaweka kwenye sanduku. Janelle alipiga simu, akamsogezea mtoto kipokea sauti. Ardis alisikiliza pumzi ya yule mtoto huku ameshika ukuta. Halafu akanipa na mimi. Nilisikia kitu kama paka anayekoroma.

Nikaona aibu kulala. Nikainuka, na papo hapo wazo likaja. Wazee! Kule nyumba ya wazee kuna watu wanaopenda kupiga kura kuliko kula. Hawana usafiri, na redio inatabiri theluji. Nikiwabeba mimi, kwa gari langu lenye joto na bango la Corinne mlangoni, watampigia nani? Mtu hawezi kupanda gari la mwenzake kisha akamgeuka. Nimewapigia simu. Wote wamekubali. Wamesema ni wema mkubwa.

Jumanne, 8 Novemba

Siku ya uchaguzi. Theluji nzito tangu alfajiri. Nimebeba wazee kutwa nzima. Mgongo umekufa.

Walikuwa wazuri mno. Walisifu gari. Walisifu joto. Mmoja alinifumia soksi. Nikiwashusha kwenye kituo nilikuwa nawashika mkono mpaka mlangoni, nawaambia wasisahau Corinne ni mtu wa watu. Wakasema bila shaka, Orrin, bila shaka. Nilikuwa na raha. Niliimba.

Safari ya mwisho nilimbeba mzee Elroy Nygaard, aliyekuwa mkamua maziwa, haoni vizuri. Tukiwa tunarudi akaniambia nimewaokoa. Nikamwambia si kitu. Akasema kweli, kwa sababu Milo ndiye aliyekuwa awachukue kwa lori lake, lakini Ijumaa gia zikavunjika, akawa hana la kufanya. Nikauliza kwa nini Milo awachukue. Elroy akasema, "Si sisi wote ni watu wa Glenn, bwana. Tangu ile keki." Nikauliza mbona hawakuniambia nilipopiga simu. Akanigeuzia uso, ameshangaa kabisa. Akasema, "Tungewezaje kukukatalia, nawe umejitolea kwa moyo safi?"

Nilisimamisha gari kando ya barabara. Elroy akadhani nimechoka, akanipa peremende.

Jumatano, 9 Novemba

Haugerud ameshinda jimbo zima, kwa kura chache mno. Vesterdal imempa karibu kura zote. Corinne alipiga simu asubuhi. Hakunilaumu. Aliuliza kitu kimoja tu: kama ni kweli alichosikia kuhusu kipande cha mwisho. Nikasema ni kweli. Akauliza kama nilijua. Nikasema kila mtu anajua. Akakata simu taratibu.

Kwa hiyo hakuna meza. Ofisi nayo hakuna, ameshaingia fundi wa saa. Nimemwambia Ardis. Alikuwa anaosha vyombo. Aliendelea kuosha kikombe kilekile muda mrefu. Kisha akasema, "Basi mtoto atakua, sisi tukiwa huku." Ningekuwa mume wa maana ningempatia hata uongo mmoja wa kumpooza, lakini uongo wangu wote niliumaliza kwenye kampeni.

Alhamisi, 10 Novemba

Siamini. Siamini!

Saa nne asubuhi simu ya jikoni ililia. Msichana wa ofisi ya Haugerud, sauti changamfu, mtu wa Florida kule kusini, si wa hapa kwetu. Akasema Glenn amesikia kutoka kwa Milo jinsi mwenyekiti wa wapinzani alivyowabeba wazee kwenye theluji bila kujali wanampigia nani. Glenn aliguswa sana. Anatafuta mwanasheria wa kusikiliza malalamiko ya wakulima. Meza iko Saint Paul. Je, naitaka?

Ardis alikuwa mlangoni, ameshika kitambaa cha vyombo, ameelewa kila kitu kutokana na uso wangu.

Kwa hiyo nikajibu kama mtu mwenye adabu anavyojibu. Nikasema, "Ah, hapana, mna watu wengi wanaostahili kuliko mimi." Hivyo ndivyo inavyofanywa. Mtu akikupa kahawa, unakataa. Akirudia, unasema usijisumbue. Akirudia mara ya tatu, unasema haya, nusu kikombe. Anayekubali mara ya kwanza ni mlafi, na hii haikuwa kahawa, ilikuwa kazi ya serikali.

Msichana akasema oh, akauliza nina hakika? Sawasawa kabisa! Mara ya pili. Nikasema nisingependa kuwasumbua. Nikavuta pumzi ili niipokee ya tatu.

Akasema anaheshimu uamuzi wangu, akanitakia siku njema, simu ikakatika.

Nilibaki nimeshika kipokea sauti. Ardis akauliza wamesema nini. Nikasema bado moja.

Ijumaa, 11 Novemba

Simu haijalia. Nimemkataza Ardis kuitumia. Ameniambia nipige mimi, niseme naitaka kazi. Nikamwuliza kama ana wazimu. Nipige mimi? Wataona ninaitaka!

Akavaa buti, akavuka barabara kwa Milo, akatumia simu ya kule. Milo mwenyewe amenihadithia baadaye, huku akijidai anaparua theluji upande wangu. Ardis alimpata yule msichana wa Florida. Alimweleza kwamba mume wake ana kichwa kigumu na anaitaka ile kazi kuliko uhai wake. Msichana akacheka, akasema hakuna neno, atapiga tena kesho asubuhi, na Orrin aseme ndiyo tu. Neno moja tu. Milo akasema, "Hongera, jirani. Nitakukosa." Macho yalikuwa yamemlowa, au ni baridi.

Usiku huu Ardis amepika nyama, ameimba. Sijamsikia akiimba tangu ubatizo.

Jumamosi, 12 Novemba

Simu ililia saa tatu. Ardis alisimama karibu yangu, amenishika mkono wa shati. Yule msichana akasema habari za asubuhi, Bwana Tollefsrud, je, utaichukua kazi?

Sasa, naomba nieleweke. Zile mara mbili zilikuwa za Alhamisi. Simu ilikatwa, na Ardis akaingilia kati. Hesabu ilikuwa imeharibika. Hii ilikuwa simu mpya, ya kuombwa, tena imeombwa na mke wangu! Ningekubali papo hapo ningeonekana mtu wa namna gani? Nikasema, "Ah, mpeni tu mtu mwingine."

Akasema sawa. Akasema kweli wanaye mwingine, kijana wa Duluth, na kwaheri.

Ardis aliachia shati langu. Hakupiga kelele, si mtu wa kelele. Alipanda juu, akashuka na sanduku lake, akaweka mapazia kwenye kiti cha nyuma cha gari. Akasema anakwenda kwa Janelle, hajui ni mpaka lini, mtoto anahitaji mtu wa kumbeba. Akavaa glavu. Akiwa mlangoni akanigeukia, akasema, "Unakuja, Orrin?"

Nikasema nenda tu, nisikubane, gari lenyewe dogo.

Akanitazama. Amezaliwa nyumba ya tatu kutoka hapa. Anajua vizuri kuliko mtu yeyote jinsi mambo yanavyokwenda. Akatikisa kichwa mara moja, akafunga mlango, akawasha gari.

Ameuliza mara moja tu. Nimelitazama gari likipita kwa Milo, likipita kanisani, likikata kona ya barabara kuu. Bila shaka huko mbele atatafuta mahali pa kugeuzia, theluji imebana barabara, ndiyo maana anachelewa. Nimevaa koti na kofia, nimekaa kwenye ngazi na begi langu magotini. Akirudi kuuliza mara ya pili nitamwambia asijisumbue.